Maneno ya Koridoni

Phelister Ayuma alikula kiapo ameishika Biblia kwa mikono miwili. Kizimbani, upande wake wa kushoto, alisimama mwanawe Ryan. Hakumtazama. Alijua akimtazama atashindwa.

Asubuhi ile, kabla ya kesi kuanza, Ryan alikuwa amemwita kwenye nondo za mahabusu ya mahakama. "Mathe, wakikuuliza, sema nilikiri mwenyewe. Usiongeze kitu. Muhonja ana mtoto."

Muhonja, dadake Ryan, alikuwa ameketi benchi la nyuma kabisa, mtoto kifuani.

Polisi walikuwa wamekuta heroini nyumbani kwao Shauri Moyo, ndani ya spika mbovu iliyokaa juu ya kabati. Spika yenyewe ililetwa na Irungu, baba wa mtoto wa Muhonja, akasema ataipeleka kwa fundi. Tangu siku ya msako Irungu hakuonekana tena. Muhonja alichukuliwa pale pale nyumbani na kitoto chake. Ryan, aliyekuwa kazini Industrial Area, alikamatwa langoni akirudi. Hata ndani hakufika.

Ungamo lake lilichukuliwa kwa utaratibu wote, na Muhonja akaachiliwa siku hiyo hiyo. Sheria yasema anayekiri aandikiwe maelezo na afisa wa cheo cha juu asiyehusika na upelelezi, na mtu aliyemchagua mwenyewe awepo chumbani. Ryan alimchagua mamake. Sasa upande wa mashtaka ulitaka ungamo lile lipokelewe kama ushahidi, na wakili wa Ryan alikuwa akilipinga. Hakimu akaamua kulisikiliza hilo kwanza, peke yake.

Ndolo, kiongozi wa mashtaka, alisimama akitabasamu.

"Mama, ulikuwa chumbani mwanao alipokiri?"

"Nilikuwepo."

"Alipigwa?"

"La."

"Yule Inspekta Mkuu aliyeliandika ungamo, alimtisha?"

"Hapana. Alimpa maji ya kunywa. Akamuuliza tena na tena kama amelazimishwa."

"Akajibu nini?"

"Kwamba hajalazimishwa."

"Asante sana, mama." Ndolo akakaa.

Phelister alishusha pumzi. Hakuwa amesema uongo hata kidogo. Angeweza kushuka hapo, aende zake, na binti yake arudi nyumbani. Lakini wakili Waruguru alikwisha kuinuka. Ryan alikuwa amekataa kumweleza chochote, na kila mara alipomtembelea rumande alimjibu, "Andika tu ni yangu."

"Mama, sajini aliyepeleleza kesi hii, Sajini Kiema, ameiambia mahakama kwamba unga ulikuwa ndani ya spika. Kwenye ungamo, Ryan alisema aliuficha wapi?"

"Chini ya godoro."

"Ulisikia vizuri?"

"Nilisikia. Nikashangaa."

Minong'ono ikapita chumbani. Hakimu akaacha kuandika.

"Mtu asiyejua mzigo ulikofichwa," Waruguru akasema taratibu, "alipata wapi haraka ya kusema ni wake? Kabla ya kuingia chumbani, mama, mlikuwa wapi?"

Nyuma kule mtoto alilia mara moja, kisha akanyamaza.

"Koridoni, pale kituoni," Phelister akasema.

"Na nani?"

"Mathe, wacha!" Ryan akapaza sauti. "Mathe, please!" Askari akamshika bega. Sajini Kiema, kando ya mlango, alikuwa amekunja mikono, macho yake yamemganda Phelister.

"Mshtakiwa, nyamaza," hakimu akasema. "Shahidi, jibu swali."

Macho yakamponyoka, akamtazama mwanawe. Ryan alikuwa amekonda, shingo imekuwa nyembamba ndani ya kola. Alikuwa akitikisa kichwa: usiseme. Na yule binti kule nyuma, yeye pia alimzaa.

"Na Sajini Kiema," Phelister akasema. "Alimwambia hivi, Mheshimiwa: 'Kijana, hapa lazima mtu aingie ndani. Ukisema ni yako, dadako analala kwake leo na mtoto wake. Ukinyamaza, mnaingia wote wawili, na mtoto anapelekwa makao ya watoto.' Ryan akamtazama dadake pale kwenye benchi, ananyonyesha. Akasema sawa. Ndipo tukaitwa ndani."

Ndolo aliruka kupinga, akamuuliza mbona hakusema haya mapema, kama amefunzwa na wakili. Phelister akamjibu, "Hakuna aliyeniuliza. Nami nilikuwa naogopa."

Baada ya mapumziko hakimu alisoma uamuzi wake. Ungamo lililonunuliwa kwa ahadi na kitisho, alisema, haliwezi kuaminiwa hata likiandikwa vizuri namna gani. Akalitupa.

Phelister alipogeuka, benchi la nyuma lilikuwa tupu. Akatoka mbio, akamkuta Muhonja ameegemea ukuta wa nje, uso umelowa.

"Umeniuza, mama."

"Nimesema nilichosikia."

"Ryan alikuwa tayari!"

"Ryan alikuwa tayari kufungwa. Mimi sikuwa tayari kumfunga."

Muhonja akambembeleza mtoto ambaye wala hakuwa akilia. Kisha akasema kwa sauti ndogo, "Niliisikia nzito ile spika, siku Irungu aliyoileta. Sikumuuliza kitu. Niliogopa angenijibu."

Waruguru alikuwa amewafikia. "Basi maneno hayo hayo," akamwambia, "utayasema na mimi nikiwa kando yako. Ya Irungu utamwachia Irungu ayajibu." Muhonja akampa mamake mtoto, akamfuata wakili.

Mashtaka dhidi ya Ryan yaliondolewa baadaye. Muhonja alishtakiwa, akaachiliwa kwa dhamana akingoja kesi, na Irungu akakamatwa Kitengela kwa maelezo aliyoyatoa yeye. Ryan hakurudi kuishi Shauri Moyo. Anakaa na rafiki yake mtaa wa Buruburu, na Jumapili huja kumwona mpwa wake. Humpakata, akacheka naye. Dadake huongea naye kama zamani. Kwa mamake ana salamu tu: "Sasa, mathe."

"Poa, mwanangu," Phelister humwitikia, akamwekea chakula mezani. Siku nyingine hula, siku nyingine huondoka bila kukigusa.