Fundi wa Jenereta Akiri

Mume wangu ni fundi wa jenereta katika hospitali ya serikali. Umeme ukikatika tukiwa mezani, hukata maneno, akatega sikio upande wa hospitali mpaka asikie jenereta imewaka. Ndipo hurudi kwangu. Nimeshazoea kuwa mke wa pili.

Basi mke mwenzangu huyo aliungua. Wakamtuhumu mume wangu kwamba hakuweka oili. Uchunguzi ukafunguliwa, na cheo cha fundi mkuu, ambacho alikuwa ameshafaulu usaili wake, kikawekwa kando mpaka shauri liishe. Shauri lenyewe sasa! Mwenyekiti wa kamati akahamishwa. Aliyefuata akastaafu, wakamkatia keki. Wa tatu alipopatikana, wajumbe hawakutimia. Walimpiga danadana hadi kijana ambaye yeye mwenyewe ndiye aliyemfundisha kushika spana akapewa kukaimu ukuu huohuo. Kijana ana adabu zake, humwamkia "shikamoo, fundi" kabla ya kumpangia kazi. Adabu hiyo ilimuuma kuliko tusi.

Mwisho wa mwaka huu anastaafu, na hakutaka kutoka pale kama mtuhumiwa. Alikonda mpaka nikamtobolea mkanda tundu jingine kwa msumari. Mimi nilikuwa na hasira, yeye hata hasira zilikuwa zimemwishia.

Ndipo karani wa utumishi alipomvuta pembeni.

"Mzee wangu, kiri tu. Andika kwamba siku ile ulipitiwa, hukukagua oili. Utapewa onyo, faili lifungwe, cheo kikukute ungali kazini."

"Lakini nilikagua."

"Nani asiyejua?"

Aliponisimulia, niliruka.

"Usithubutu! Utajichongea mwenyewe!"

"Mama watoto, nimechoka." Akajigusa shingo. "Maji yamenifika hapa."

Akaandika, akapeleka. Nilimnunia siku nzima, kisha nikamwona akila wali mkavu, hana habari kwamba mchuzi uko mbele yake. Nikamwonea huruma, nikammiminia.

Kamati ikaja kukaa. Nilimsindikiza, nikabaki kwenye benchi la ukumbini, mkoba nimeukumbatia, nikimwomba Mungu onyo liwe dogo. Mlango ulipofunguliwa, alitoka akipapasa ukuta. Nilijua wamemfukuza.

"Wamekufukuza?"

"Hapana." Akakaa. "Mwenyekiti ni mama mmoja mpole. Nilipoingia alinichekea. Ripoti ya mkaguzi wa mitambo imefika. Pampu ya oili ilikuja mbovu kutoka kiwandani. Oili ilikuwemo tele."

"Alhamdulillahi!"

"Walikaa leo wanisafishe. Halafu karani akaweka barua yangu mezani."



"Ukasemaje?"

"Nikasema ukweli. Kwamba sikukosa, niliandika tu ili yaishe."

"Enhe?"

"Mwenyekiti akaacha kucheka. Akasema basi nimeidanganya kamati. La oili wamelifuta. Wamefungua hilo la uongo."

"Na cheo?"

"Mpaka shauri liishe."

Niliinuka. Nilitaka niingie humo niwape vidonge vyao wote, kuanzia huyo mama mpole hadi karani na kalamu zake mfukoni. Mume wangu alinishika mkono. Hakunishika kwa nguvu, maana hakuwa nazo, na kwa sababu hiyo nikakaa.

Umeme ukakatika. Ukumbi ukawa giza, mtu mmoja wodini akapiga kelele. Nikamgeukia mume wangu kwa mazoea, nikinyamaza ili asikilize. Jenereta mpya ilikoroma, ikasita, ikakoroma tena, taa zikarudi. Yeye alikuwa anatazama viatu vyake. Hakuwa ameinua hata kichwa.

"Mama watoto," akasema polepole, "unaonaje? Nikikiri hili la uongo, si litaisha upesi?"