Msaada wa Laki Nane

Fundi wa nguo alifika mahakamani kabla mfagizi hajamaliza korido. Akakaa kwenye benchi la mbao akiwa ameikumbatia bahasha yenye karatasi moja tu, na karatasi hiyo ndiyo iliyomnyima usingizi wiki nzima.

Laki nane. Alizidunduliza miaka mitatu kwa kupunguza sketi na kubadilisha zipu za watu, apasuliwe mtoto wa jicho. La kushoto lilishakwenda na maji. La kulia nalo lilikuwa njiani, na daktari hakumficha: likiziba hilo, kazi ya cherehani basi. Bila jicho hakuna kushona, na bila kushona hakuna pesa ya jicho.

Pesa ilipotimia tu, shemeji yake, mume wa mdogo wake, akaja na maneno laini. Anafungua duka la vipuri vya baiskeli, miezi miwili atarudisha. "Nisaidie, shemeji," alisema. Hakusema nikopeshe. Nani anasema nikopeshe ndani ya familia? Watu husema nisaidie, na kila mwenye akili anaelewa kwamba kitu kitarudi. Hata walipoandikishana, shemeji alikwishaandika nusu ya neno "mkopo", fundi mwenyewe ndiye aliyemzuia kalamu.

"Futa hiyo bwana. Mkopo ni wa watu baki. Andika msaada."

Aliona anajistahi. Kumbe anajichimbia kaburi, tena kwa mkono wake.

Miezi miwili ikawa kumi na sita. Wiki ijayo, shemeji. Mwisho wa mwezi, shemeji. Baadaye simu ikawa haipokelewi, ndipo fundi akafungua madai.

Hakimu alikuwa mama wa makamo, mpole, na upole wake ndio uliotisha. Akaisoma karatasi mara mbili.

"Hapa pameandikwa msaada."

"Ndiyo, mheshimiwa, lakini ni mkopo."

"Mbona hamkuandika mkopo?"

"Ni shemeji yangu, mheshimiwa. Ningeanzaje?"

Watu wa nyuma wakacheka, na karani naye akainamia faili lake kuficha meno. Shemeji aliposimama alisema kwa macho makavu kabisa, "Alinisaidia, mheshimiwa, nami nikashukuru. Sikujua msaada unadaiwa."

Akabaki shahidi mmoja, mdogo wake fundi. Huyo alikuwepo siku pesa zilipohesabiwa mezani, na alimsikia mumewe akitaja miezi miwili. Fundi alimlea tangu mama yao alipofariki, akamsomesha kwa cherehani hiyohiyo. Moyo ukamtulia kidogo alipomsikia akiapa.

"Hizi laki nane zilikuwa za nini?" hakimu akauliza.

Mdogo mtu akaanza kulia. "Mheshimiwa, dada yangu ndiye mama yangu. Alinilisha, akanivalisha, harusi yangu aliibeba yeye. Hajawahi kunidai hata senti."

"Nakuuliza kuhusu laki nane. Alikopesha au alitoa?"

Akamgeukia mumewe, akamgeukia dada yake.

"Alitusaidia," akasema.

Hata leo fundi hajui kama yule mtoto alimwogopa mumewe, au alidhani anamsifia dada yake mbele za watu. Alichosikia ni kalamu ya karani ikiandika. Hakuwa na hasira hata, alichoka tu, mwili mzima.

Madai yakatupwa. Mdai amlipe mdaiwa gharama: nauli, na siku tatu za kufunga duka. Asiyeridhika ana siku thelathini za kukata rufaa. Fundi alitaka kuuliza rufaa inalipiwa na nini, lakini kesi nyingine ilikwishaitwa.

Kwenye korido akawa anatembea akipapasa ukuta. Shemeji akamfuata, mkewe nyuma yake.

"Shemeji, tusiyakuze," akasema kwa sauti ya kila mtu kusikia. "Hizo gharama sitakudai. Chukulia nimekusaidia."

Watu kwenye benchi wakatikisa vichwa kwa kumkubali. Huyo ndiye mwanamume, mmoja akasema. Mdogo wake akamshika mkono taratibu.

"Dada, si umshukuru basi."

Fundi aligeuza uso kuelekea sauti ilikotoka. Mbele yake aliona ukungu mweupe wenye umbo la mtu.

"Ahsante, shemeji," akasema.