Vifaranga wa Fungu la Chini

Mwaka ule Mto Jurua haukungoja wakati wake. Kasa wa mtoni walikuwa wamechelewa kupanda mchangani kutaga, kisha mvua za huko juu zikawahi kunyesha, basi maji yakaanza kupanda wakati mayai ndiyo kwanza yanapasuka. Osmarina, mjane aliyekuwa akililinda fungu lile la mchanga kwa niaba ya kijiji, alichomeka kijiti ukingoni alfajiri. Alipomaliza kunywa kahawa na kurudi kukitazama, kijiti hakikuonekana.

"Shemeji!" aliita. "Amka! Mto unakuja kutuchukulia watoto!"

Deusdete, mdogo wake marehemu mumewe, alitoka kibandani akipandisha suruali. Alikuwa pande la mtu, mwepesi wa kucheka, mzito wa kuamka.

"Mto gani? Jana ulikuwa kule chini kabisa."

"Jana imepita. Chukua beseni."

Wakaanza kuchimba viota vya upande wa chini, vile vilivyokuwa karibu na maji. Walichimba kwa mikono mitupu, maana koleo halijui ganda wala shingo. Kitoto cha kasa kikishavunja yai hakitoki papo hapo. Hubaki huko chini na ndugu zake, kiini cha yai bado kimeshika tumboni, kikingoja kitovu kifunge na miguu ipate nguvu. Ndipo wote husukumana kwenda juu kwa pamoja. Siku hizo za kungoja ndizo zinazowaponza mto ukiwahi. Mchanga hulowa, hewa hukatika, nao huzama kabla hawajauona mto wenyewe.

Kiota cha kwanza kilikuwa kikavu. Osmarina aliingiza mkono hadi begani akahisi vile vidude vinavyojikunjakunja kiganjani, vibaridi, kila kimoja kama kifuniko cha chupa chenye miguu. Akacheka peke yake. Kiota cha tatu kilikuwa kimejaa maji. Hakucheka tena. Alivitoa vilivyokufa akaviweka kando, akaendelea na kiota kingine. Tumbusi walishajipanga nyuma yao, wamekunja mabawa kama wazee wanaongoja chakula cha matanga.

"Tokeni, mashetani weusi!" Deusdete aliwarushia donge la mchanga. Wakaruka hatua mbili, wakatulia.

Hadi jua linaegemea upande wa pili walikuwa wamemaliza viota vyote vya chini. Vifaranga waliwatia kwenye mtumbwi mpana wa zamani, wenye mchanga kidogo na maji ya kufika kwenye vifundo vya miguu. Hawakuweza kuwaachia mtoni siku ile, kwani matumbo yalikuwa bado wazi, na samaki wenye meno wangeisikia harufu kutoka mbali. Siku chache tu ndani ya mtumbwi zingetosha. Osmarina alisimama akiwatazama wakipandana migongoni, akahisi mgongo wake mwenyewe unawaka moto.

"Umeufunga vizuri?" alimwuliza shemeji yake.

"Kwenye kile kigogo. Hata ng'ombe hang'oi."

Mvua ilinyesha usiku kucha. Asubuhi Osmarina alipotoka, mto ulikuwa umelala juu ya nusu ya fungu la mchanga. Kigogo hakikuwepo. Mtumbwi haukuwepo.

Akakaa palepale kwenye matope. Deusdete alikuja akasimama kando yake, mdomo wazi, maji yakimtiririka usoni.

"Shemeji," akasema taratibu, "sikukichunguza. Nilidhani kina mizizi."

"Ng'ombe hang'oi, eh?"

"Nitukane tu."

"Nitakutukana tukishawapata. Washa mashine."

Mashine ya mtumbwi wao mwingine mdogo, yenye propela kwenye mkia mrefu, ilikohoa, ikazima, ikakohoa tena. Deusdete aliisihi kama mtu anayembembeleza mke aliyenuna, mwishowe ikakubali. Wakashuka na mkondo, mto mzima rangi ya kahawa ya maziwa, umebeba magogo, majani na povu. Osmarina alikaa mbele akitazama juu zaidi kuliko mbele, kwa sababu tumbusi wangewaona vifaranga kabla yake. Kila tumbusi walipozunguka mahali alimwelekeza Deusdete huko, na kila mara walikuwa wanazungukia samaki mfu tu.

Waliingia kila kijito, wakaita kila nyumba iliyo juu ya miguu yake ya miti. Hakuna aliyeuona mtumbwi. Mvua iliacha, jua likatoka kali, na hilo likawa baya zaidi. Maji kidogo ndani ya mtumbwi yangepata moto mara moja.

"Wameshaiva supu," Osmarina alisema.

"Usiseme hivyo."

"Au mtumbwi umejaa maji ya mvua wakazama. Chagua unalolitaka."

Walipokata kona ya mwisho kabla ya msitu uliofurika, Deusdete alipunguza mwendo. Huko kulikuwa na nyumba moja tu, na hakuna kati yao aliyetaka kuitaja. Ilikuwa ya Geroncio. Miaka kadhaa nyuma Osmarina alimkuta kwenye fungu la mchanga na kasa wakubwa wamelazwa chali, akawaita wakaguzi wa wanyamapori, nao wakaondoka na nyavu zake zote. Tangu hapo walikuwa wakipishana kwenye sikukuu ya mtakatifu wa kijiji kila mmoja akitazama mbingu. Na hakukuwa na mtu mto mzima aliyekuwa akipenda nyama ya kasa kama Geroncio.

"Ule pale," Deusdete alinong'ona.

Mtumbwi ulikuwa umefungwa chini ya nyumba ya Geroncio, umefunikwa kwa matawi ya mnazi-mwitu. Mwenyewe alikuwa amechuchumaa ndani yake, bakuli mkononi.

Osmarina alisimama, nusura wapinduke. "Geroncio! Toa mkono wako humo!"

Mzee aliinua kichwa. Hakuonekana kushangaa wala kuogopa, ila amechoka sana. "Nikiutoa wanazama," akajibu. "Mvua imejaza mtumbwi wenu, na ubavuni una ufa wa kupitisha kidole. Nimechota maji tangu sijanywa hata kahawa. Njooni mnipokee, mgongo umekwisha!"

Walifunga chombo chao wakavuka mbio. Osmarina alifunua majani. Walikuwemo. Wote, au karibu wote, wamejazana kwenye kivuli, shingo nje, wanapiga makasia kwa vijimikono vyao. Alichota mmoja akamgeuza. Kitovu kilikuwa kimeanza kuziba. Hapo machozi yakamtoka yenyewe, akayafuta kwa bega kwa sababu mikono ilikuwa imejaa kasa.

"Kumbe unalia," Geroncio alisema. "Mimi niliponyang'anywa nyavu hukulia."

"Kwa nini hukuwala?"

"Hawa? Hata kijiko hakijai." Kisha akakuna kidevu, akatazama pembeni. "Tumbusi walikuwa wameshatua kwenye ukingo wa mtumbwi, wanadonoa mmoja mmoja. Nikawafukuza. Halafu nikawaza, wakifa hapa kwangu, yule mwanamke atakuja na wakaguzi na wimbo mpya. Basi nikachukua bakuli."

Kutoka juu, mkewe Zuleide alichungulia kwenye uwazi wa sakafu. "Mwongo huyo! Amewasemesha asubuhi nzima. 'Tulieni, wanangu, tulieni.' Mimi nimeolewa naye miaka yote hii sijaambiwa hivyo!"

Deusdete aliangua kicheko hadi akashika nguzo. Geroncio alimrushia maji ya bakuli. Osmarina naye akacheka, mara ya kwanza tangu kile kiota cha tatu.

Waliziba ufa kwa utomvu na kitambaa, wakabadilisha maji, wakarudisha majani. Osmarina alitaka kuukokota mtumbwi kurudi kwenye fungu la mchanga, lakini Geroncio alikataa.

"Kurudi wapi? Huko ni mkondo mtupu sasa. Kasa wakubwa wenyewe wameshaondoka, tangu juzi naviona vichwa vyao vikipita hapa kuingia msituni. Wakifunga matumbo waachieni humu, kwenye majani na matunda yaliyoangukia majini. Mamba hapa ni wachache." Akakohoa. "Nilishawala."

Osmarina alirudisha tawi moja lililoteleza. "Na nani atawalinda usiku?"

"Nani tena? Sina nyavu, sina kazi."

Zuleide aliwaita kula. Kulikuwa na samaki wa kuchoma, unga wa muhogo uliokaangwa na pilipili ya kwenye chupa. Deusdete alikula kama mtu aliyetoka kifungoni, akasinzia akiwa ameketi, tonge mkononi.

Siku matumbo yalipokuwa yamefunga yote, waliusukuma mtumbwi kati ya miti, Geroncio mbele akipima kina kwa upondo. Osmarina aliuinamisha ubavu polepole. Vifaranga walisita kidogo kwenye ukingo, kisha mmoja akateleza, na wengine wakamfuata kama mtama unaomwagika, wakazama chini ya majani. Wawili watatu waliibuka mbali zaidi, pua tu, wakavuta pumzi, wakapotea.

Hakuna samaki aliyerusha maji. Hakuna tumbusi juu ya miti.

Geroncio aligeuka.

"Mwakani," alisema, "mtumbwi nitaufunga mimi."

"Mwakani," Osmarina alijibu, "njoo kabla ya mvua. Kuna viota vingi, na shemeji yangu anapenda kulala."

"Nasikia!" Deusdete alipiga kelele kutoka nyuma, na maji meusi ya msitu yakaipokea sauti yake na kuipeleka mbali kati ya miti.