Marudio ya Jometri, Kidato cha Pili B

Miaka ile ya tisini, watu binafsi waliporuhusiwa kufungua chochote walichotaka, wengine walifungua viwanda vya minofu ya sangara, wengine maduka ya mitumba, na Bwana Luhaga akafungua shule ya sekondari pale Nyegezi. Ilikuwa na geti zuri sana. Maabara ilikuwa njiani inakuja, kama wazazi walivyoambiwa kila mwaka.

Madamu Getruda alipoajiriwa kufundisha hisabati, alikuta Kidato cha Pili B wamezoea utaratibu wao wa jometri: mwalimu anaandika kanuni ubaoni, wanafunzi wananakili, mwalimu anafuta, wanafunzi wanafeli. Hakuna aliyelalamika, kwa kuwa kila mtu alikuwa ametimiza wajibu wake.

Mtihani ulipokaribia, Getruda aliligawa darasa katika timu. Yeye angechora swali, kila timu ingelijadili, halafu angeokota jina moja kutoka kwenye kofia. Mwenye jina ndiye angesimama kueleza. Akishindwa, timu yake nzima haipati pointi.

Revocatus alifurahi sana. Huyu alikuwa kipanga wa darasa, na kwa hisani yake aliwakumbusha wenzake jambo hilo kila siku. Getruda alichora duara, na ndani yake pembetatu yenye ncha moja kwenye kitovu cha duara na nyingine mbili kwenye mzingo. Pembe ya kitovuni ni nyuzi themanini. Hizi nyingine je? Revocatus alipata jibu kabla chaki haijarudi mezani. Akawanong'oneza wenzake, akakunja mikono, akatazama dari.

Jina lililotoka lilikuwa la Awuor, wa timu yake.

Awuor alitokea Shirati, akaja Mkuyuni kukaa na mjomba wake mvuvi. Darasani hakuwa msemaji. Wenzake walimcheka kwa kutamka "sule" badala ya "shule", wao wenyewe wakiwa mabingwa wa "mstali" na "mlaba".

"Nyuzi hamsini," alisema.

"Kwa nini?"

Awuor alitazama ubao. "Revo ndiye amesema."

"Basi hamna pointi."

Revocatus akasimama. "Lakini jibu ni sahihi, Madamu. Nimelipata mimi."

"Umelipata, tena umelitunza vizuri. Hata wenzako hawajaliona."

Darasa liliangua kicheko, na kicheko hicho kikamleta Bwana Luhaga mlangoni.

"Madamu, hapa kuna harusi?"

"Ni marudio ya jometri, Mkuu."

"Mzazi aliyeko ofisini kwangu ameniuliza kama tuna soko. Watu hawaleti watoto hapa kucheza. Mtihani unataka ukimya."

"Wakiwa kimya, Mkuu, siwezi kujua wasichokijua."

"Na mzazi naye hatajua. Endeleeni kimya."

Getruda alimeza hasira yake, kwa kuwa ajira yake ilikuwa bado changa na Bwana Luhaga hakuwa mtu wa kuonywa mara mbili. Kuanzia siku hiyo darasa lilijisomea kimya. Ukimya ulifanikiwa kiasi kwamba baadhi yao walikoroma.

Aliyeshindwa kutulia ni Revocatus. Si kwamba elimu ilimwita; aliumia tu kwamba timu ya Ngosha, mvulana aliyewahi kuchora duara lenye kona, ilimpita. Jumamosi akateremka ufukweni Mkuyuni, akamkuta Awuor anageuza dagaa juani.

"Nimekuja kukufundisha, usije ukatuangusha tena."

"Mchezo si umekatazwa?"

"Umekatazwa shuleni."

Awuor alimpa reki. "Nisaidie kwanza hawa dagaa."

Walipomaliza, Revocatus alichora lile duara mchangani. "Ni rahisi tu. Hizi pembe mbili zinalingana, kwa hiyo ni hamsini hamsini."

"Kwa nini zinalingana?"

"Kwa sababu..." Akalitazama duara lake. "Zinalingana tu. Ndivyo ilivyo."

Awuor alichukua kijiti. Akapima mstari mmoja kutoka kitovuni hadi ukingoni, akaupima na wa pili. "Huu na huu ni sawa, maana yote inatoka katikati kwenda pembeni. Pande mbili zikilingana, na hizi pembe zinalingana. Toa themanini kwenye mia na themanini, gawa kwa mbili." Akainua macho. "Ungeniambia hivyo siku ile."

Revocatus alichukua kijiti, akaipima ile mistari mwenyewe. Kumbe alilijua jibu tu. Hakuwahi kuulizwa sababu.

Jumamosi iliyofuata alileta timu nzima. Ngosha akasikia, akaleta ya kwake. Walibishana kwa sauti ambayo ingemuua Bwana Luhaga, na timu iliyoshindwa iligeuza dagaa. Mjomba wa Awuor hakuelewa kitu, ila alisema jometri ni somo zuri sana.

Matokeo yalipotoka, Kidato cha Pili B walikuwa wamefaulu karibu wote. Hata Ngosha alipona. Bwana Luhaga alisimama mbele ya shule nzima, akatangaza kwamba hayo ndiyo matunda ya ukimya, na kwamba tangu sasa madarasa yote yatajisomea kwa mtindo huo. Getruda alipiga makofi pamoja na walimu wengine. Hakuelewa kilichotokea, na hilo lilimnyima raha kuliko hotuba.

Baada ya hapo Awuor alimfuata nje ya ofisi ya walimu.

"Shikamoo Madamu."

"Marahaba. Umefanya vizuri, Awuor. Mmesomaje?"

Awuor akamsimulia yote, mpaka dagaa. Getruda alisikiliza, mkono mdomoni, ili kicheko kisifike ofisini kwa mkuu.

"Jumamosi tunaanza aljebra," Awuor akamalizia. "Tunaomba uje utuokotee majina. Akiokota Revo, kila mara linatoka la Ngosha."

Jumamosi Getruda alivaa kandambili, akateremka Mkuyuni.