Mtaa Ulioandikwa

Shangazi alikuwa fundi cherehani katika mtaa wa nyuma ya kiwanda cha ngozi, na mlango wa chumba chake ulitazamana na wa kinyozi. Alimlea binti wa kaka yake tangu mtoto yule hajang'oa meno ya utotoni. Binti alikulia chini ya meza ya kukatia vitambaa, akichezea vifungo, huku juu yake wanawake wakipimwa viuno na kutoa ya moyoni. Mtu akishakuachia umshike kiuno, hana tena la kukuficha. Shangazi alisikia mengi na yote akayameza. Ndiyo maana wateja hawakumkaukia.

Binti alisoma, akahamia mji mwingine, akaandika riwaya kuhusu mtaa ule. Alibadilisha majina ya watu na kazi zao, akaona amewasitiri. Wasomi walimsifu wakasema hawajaona kitabu kinachoonyesha vizuri kiasi hicho jinsi watu wanavyoshikamana na mahali pao. Nakala ya kwanza akampelekea shangazi yake.

Shangazi hakuweza kukisoma. Macho yalishachoka kwa kutunga uzi. Lakini furaha haikumkaa kifuani. Aliwaonyesha wateja picha ya mwanawe kwenye jalada, kisha akamwazimisha kitabu mwalimu mmoja aliyekuwa akisubiri zamu yake kwa kinyozi. Mwalimu akaanza kuwasomea waliokuwemo dukani mle. Mwanzoni walicheka hadi wakashika mbavu, kila mmoja akimtambua jirani yake. Kisha ukaja ukurasa wa mke wa fundi viatu aliyepata mtoto na msimamizi wa kiwanda, mumewe akiwa amelazwa hospitali. Mtaani hapakuwa na fundi viatu aliyewahi kulazwa. Aliyelazwa muda mrefu alikuwa kinyozi.

Kinyozi alimaliza kumnyoa mteja aliyekuwa kitini, akakung'uta kitambaa, akafunga duka. Hakumtukana mtu. Aliondoka na hakurudi, na mkewe akarejea kwao na mtoto.

Mtaa ulipotafuta wa kulaumiwa haukwenda mbali, maana siri ile ilisemwa katika chumba kimoja tu. Hakuna aliyemgombeza Shangazi. Walikuja mmoja mmoja kuchukua vitambaa vyao, vingine havijaguswa na mkasi, wakisema wameghairi. Salamu zikafupika, halafu zikaisha.

Binti alipopata habari alikuja mbio. Alipita nyumba kwa nyumba akieleza kwamba shangazi yake hakutoa neno, kwamba ni yeye aliyeyasikia akiwa mdogo. Walimkaribisha viti, wakamsikiliza kwa adabu, wakamsindikiza hadi mlangoni. Ni muuza mboga tu, aliyekuwa shoga wa Shangazi tangu ujana wao, aliyemjibu.

"Mtoto hula anacholishwa," alisema, akaendelea kufunga mchicha.

Jioni ile binti alimsihi shangazi yake wahame pamoja. Alimwambia kuna chumba chenye dirisha kubwa, cherehani itakaa vizuri.

"Huko nitakuwa nani?" Shangazi aliuliza. "Hapa hata wakinichukia, wananichukia mimi."

"Shangazi, nisamehe."

"Nimekusamehe, mwanangu. Wewe ni damu yangu. Lakini msamaha wangu haumrudishi kinyozi."

Akabaki. Kila asubuhi alifungua mlango, akapaka cherehani mafuta, akaketi. Alipougua hakutuma mtu, kwa kuwa hakuwa na wa kumtuma. Mwenye nyumba ndiye aliyeuona mlango umefungwa mchana kutwa, akauvunja.

Mtaa mzima ulikuja kuzika, kwani maiti hanuniwi. Wanaume walichimba, wanawake walipika, kila kitu kikaenda kama kinavyotakiwa. Ila hakuna aliyelia, na binti alipojaribu kulia aliona aibu, akajizuia.

Watu walipotawanyika alimfuata muuza mboga, aliyekuwa akisugua masufuria uani. Akamuuliza jinsi shangazi yake alivyoishi siku zile za mwisho. Kama aliugua sana, kama alimtaja.

Yule mama aliinua macho. Yalikuwa mekundu.

"Nikikwambia, utaandika," alisema.

Binti akaapa kwamba hataandika tena maisha yake yote. Muuza mboga alilisuuza sufuria la mwisho, akalifunika chini, akaingia ndani na kurudisha mlango. Mpaka leo binti hajui.