Udongo wa Stesheni

Pale Tabora mjini ukiulizia fundi baiskeli utaonyeshwa kumi. Fundi nyayo utaonyeshwa mmoja tu, Bi Batuli wa Isevya, na usimwendee na haraka zako, atakutimua kabla hujakaa.

Unyayo nao huchakaa, jamani. Mtu akishatembea miaka themanini, siku moja anapita kwenye vumbi na vumbi linabaki vilevile, utadhani hakupita mtu. Hapo ndipo balaa linapoanza, kwa sababu ardhi isiyomjua mtu haimrudishi nyumbani. Anatoka kwenda chooni, anakuja kuokotwa kwenye mashamba ya watu. Dawa yake ni udongo wa mahali alipopiga hatua ya kwanza utotoni. Fundi anauchekecha, anaukanda na nta ya Sikonge, anamsugulia miguuni mpaka ushike. Ukiwa udongo wa kwingine, sugua mpaka kesho, hupati kitu.

Jumatano moja asubuhi akaja Ngassa, mkulima wa tumbaku kutoka Usoke, amemshika mkono mama yake, Bi Zabibu.

"Shikamoo, Bi Batuli."

"Marahaba, baba. Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," bibi akaitikia, akakaa mkekani na kuanza kuchezea vidole vyake.

Ngassa akaeleza. Mama amepotea mara nne tangu masika. Mara ya mwisho alikutwa amekaa kwenye reli, ametulia tuli. "Mke wangu halali. Hili likishindikana, fundi, kufuli nimeshanunua. Nitamfungia ndani. Sipendi, lakini nifanyeje?"

"Hatua ya kwanza alipigia wapi?"

"Ziba, kwao." Akatoa mfuko wa udongo alioufuata huko kwa basi, siku nzima kwenda na kurudi.

Batuli alifanya kazi mpaka adhuhuri. Alipomaliza, akamsimamisha bibi juu ya sinia la majivu, akamshusha. Majivu laini, hata alama ya kidole haipo. Wakarudia. Wapi!

Ngassa akajishika kichwa. "Basi tena," akasema.

Bi Zabibu akacheka kicheko chembamba. "Ziba mimi nilifika nakimbia."

"Eti?" Batuli akamgeukia. "Sasa mama, kutembea ulianzia wapi?"

"Si hapo stesheni, nyuma ya ghala! Mama alikuwa anamsubiri baba arudi kutoka mkonge, Tanga huko. Alikuwa akinisimulia. Tumelala pale miezi. Siku nimesimama, abiria wote wakanipigia makofi."

"Mama! Mbona hukusema?" Ngassa akafoka.

"Kuna aliyeniuliza? Mmeulizana wenyewe."

Batuli aliona aibu, masikio yakamwaka moto. Miaka thelathini ya ufundi, na ni kweli kabisa: humuuliza aliyeleta, mwenye miguu hamuulizi.

Kisha aibu ikamtoka, ikamwingia hofu. Nyuma ya ghala kote kumemwagwa saruji. Udongo wa pale ulibaki bonge moja tu duniani, nalo liko chini ya kitanda chake. Ni unyayo wa marehemu mumewe, Yahaya, mbeba mizigo wa stesheni aliyekwenda pekupeku mpaka mwisho. Wiki aliyofariki, Batuli aliuchimbua mzima kabla mafundi saruji hawajafika. Kila Ijumaa huufunua, akatia mguu wake humo ndani, akakaa naye kidogo.

Angeweza kusema udongo umekwisha. Nani angejua? Aliingia chumbani, akafunga mlango, akalivuta lile bonge. Alikasirika, nisikufiche. Alimkasirikia Ngassa, akamkasirikia bibi wa watu, akamkasirikia na Yahaya kwa kufa. Huko nje alimsikia Bi Zabibu akimuuliza mwanawe, kwa sauti ya upole kabisa, "Hilo kufuli utafunga kwa nje?"

Batuli akalia, akajifuta kwa kanga. Akachukua mchi akalivunja lile bonge.

Hakusema ule udongo kautoa wapi. Aliuchekecha, akaukanda, akasugua. Bi Zabibu alipokanyaga majivu, vidole vitano vikatoka, na kisigino. Ngassa akapiga magoti mbele ya sinia akaukodolea macho unyayo wa mama yake, machozi yanamtiririka hata hayafuti.

"Twende nyumbani," bibi akasema, akatangulia yeye.

Batuli akasimama mlangoni. Bibi alikuwa anavuka uwanja taratibu, anaacha alama moja baada ya nyingine, lakini alikuwa anaegemea kushoto, bega la kulia limepanda, kama mtu mwenye gunia.

"Fundi!" Ngassa akashtuka. "Mbona anakwenda upande? Hakuwa hivi. Umekosea?"

Mtu mmoja tu alikuwa na mwendo ule. Miaka ishirini na sita ya ndoa Batuli alikuwa akiutambua tangu kona ya msikiti, kabla sura haijaonekana, akainuka kuinjika chai.

"Sijakosea," akasema. "Mwache atembee."

Akawafuata mpaka barabarani, bila viatu, bila kujitanda vizuri. Majirani walimshangaa. Alisimama pale juani akiutazama mgongo wa Bi Zabibu mpaka ulipokata kona ya kwenda stendi, akicheka na kulia kwa pamoja, na bado akawa amesimama.