Hina ya Mkono Mmoja

Ikram aliniahidi tukiwa darasa la saba, tumekaa kwenye ngazi za nyuma ya jiko lao hapa Msambweni, tunachambua mchele. Alisema siku ya harusi yake mimi sitampaka mtu hina. Nitakaa mkekani kama rafiki, ninyooshe mikono yote miwili, nipakwe.

Wakati huo nilikuwa tayari napaka. Bibi yake ndiye aliyenifundisha, kwa kuwa wajukuu zake walikuwa hawatulii. Mimi nililetwa kutoka Samburu kuja kuishi na shangazi, aliyekuwa akikaanga mahamri nyumba ya pili, na mtoto mgeni hukaa pale anapoambiwa akae. Baada ya darasa la nane Ikram aliendelea na sekondari, akaenda na chuo. Mimi niliendelea na hina. Nimepaka maharusi wa Gazi, wa Ukunda, wa Lunga Lunga, na wageni wa Diani wanaotaka ua dogo tu juu ya kifundo cha mguu. Mkono wangu mwenyewe haujapata kupakwa na mtu. Fundi ukimuuliza mbona hana hina, atakwambia hana wakati. Si kweli. Ni kwamba hapana anayemfikiria.

Harusi ilipopangwa, Ikram aliikumbuka ahadi yake bila mimi kuitaja. Alinipigia simu. "Jumwa, safari hii wewe ni mgeni wangu. Asiya ameshapata fundi wa Ukunda."

Nilikata kucha. Siku tatu nilisugua vidole kwa ndimu ile rangi ya kazi itoke, niende na mikono misafi.

Asiya tumekua naye mtaa mmoja. Sasa yuko mapokezi kwenye hoteli moja Diani. Ummulkheir alikutana na Ikram chuoni, anafundisha chekechea. Bibi harusi huwa na mpambe mmoja, wa kumshika mkono akiingizwa, wa kukaa ubavuni pake na kumfuta jasho. Ikram hapendi kumuudhi mtu. Asiya alipoomba kuwa mpambe, alimwambia ndiyo. Ummulkheir alipoomba, alimwambia ndiyo.

Wiki ile ya harusi ndipo kila mmoja alipojua kuwa mwenzake naye ameahidiwa. Ummulkheir alirekodi sauti amtumie Ikram, kwa makosa akaitupa kwenye kundi letu sote la simu. Niliisikiliza nikiwa nimesimama nje nikianika nguo. "Huyo Asiya mapokezi yamemharibu! Adhani sisi sote ni wageni wake, atuandike kitabuni atupe funguo za vyumba."

Asiya alijibu papo hapo. "Mwenye kazi ya kufuta watoto kamasi hawezi kunifundisha kupamba." Kisha akatoka kundini. Na fundi wa Ukunda, aliyekuwa wifi yake, akatoka naye.

Ikram alinipigia tena siku moja kabla ya hina.

"Jumwa, naona haya kukuomba."

"Sema tu."

"Fundi haji. Na hawa wawili hawasalimiani. Mama asema wasipopatana, mpambe atakuwa shangazi yangu wa Lunga Lunga."

"Yule anayesinzia akikaa?"

"Huyo huyo! Atanilalia begani mbele za watu. Zungumza nao, shoga yangu. Wewe wanakusikiza."

Nilingoja aseme habari ya ile ahadi. Nilisikia pumzi zake kwenye simu, nikajua anaikumbuka, na nikajua hataitaja.

"Unga wa hina ninao," akasema.

"Uukande asubuhi kwa ndimu na chai ya rangi, uufunike. Nitakuja baada ya adhuhuri."

Sikuzungumza nao. Maneno wote wawili walikuwa nayo tele, na mdomo ukiongeza mdomo hauleti suluhu. Lakini usiku kucha nilifikiri.

"Shikamoo, mama," nikamwamkia mama yake Ikram mlangoni kesho yake.

"Marahaba, mwanangu. Pita, wamo ndani. Wamenuna kama kaa."

Nilimpaka Ikram kwanza, mikono na miguu, nikamweka dirishani akauke. Wale wawili walikaa mkeka mmoja, kila mmoja pembe yake; kati yao lingepita gari la mkaa. Nikaanza na Asiya. Nikampaka mikono yote miwili, ndani na nje, hadi viwiko. Ummulkheir nikampaka miguu, mikono nikaiacha.

"Na mikono yangu?"

"Hina ya kwenye koni ya kupakia imekwisha. Nangoja hii nyingine itulie."

Haikuwa imekwisha. Niliwageuzia mgongo, nikaingiza vidole bakulini, nikawa nakanda hina isiyohitaji kukandwa.

Mtu mwenye hina mbichi hashiki kitu. Hawezi kujikuna, hawezi kuvuta mtandio ukimwanguka. Haikupita muda simu ya Asiya ikalia mkekani. Ikanyamaza, ikalia tena.

"Jumwa, nishikie. Ni meneja."

"Vidole vyangu vina hina, shoga."

Mama yu jikoni. Ikram mikono i juu kama aliyekamatwa na askari. Simu ikalia mara ya tatu. Nikasikia mkeka unakwaruza, nikachungulia juu ya bega. Ummulkheir alikuwa anasota kwa makalio, miguu ameinyanyua isiguse kitu, kama kuku aliyefungwa. Akafika, akaiokota simu, akambandika Asiya sikioni bila kumtazama usoni.

"Ndiyo, bosi," Asiya akasema. "Chumba gani? Amejifungia nje tena? Ufunguo wa akiba uko droo ya pili. Ya pili, bosi, kutoka juu."

Simu ikakatika.

"Umempa funguo?" Ummulkheir akauliza.

Asiya akauma mdomo.

"Na umwandike kitabuni."

Asiya alicheka kwanza kwa pua, kisha kwa mabega, kisha akaanza kulalamika. "Wee, usinichekeshe! Hina itaharibika. Na pua yaniwasha sasa."

"Wapi?"

"Kushoto. Juu kidogo. Hapo, hapo."

"Nikufute na kamasi kabisa? Si ndiyo kazi yangu."

Wakacheka hadi Ikram naye akacheka, na mama akachungulia mlangoni akarudi jikoni. Nami nilicheka, nikiwa bado nimewapa mgongo. Kisha sauti ya Asiya ikashuka.

"Lakini uliniumiza, Ummu."

"Ikram aliniambia mpambe ni mimi."

"Na mimi aliniambia ni mimi."

Wote wawili wakageuka kumtazama bibi harusi. Maskini, hata uso hakuweza kuuficha kwa viganja.

"Niliwaambia nyote," akasema. "Niliogopa."

"Shoga, wewe ungeolewa na wanaume wawili kwa kuogopa kusema la!" Asiya akamwambia.

Wakakata shauri wenyewe: Asiya ashike mkono wa kulia, Ummulkheir wa kushoto, na shangazi wa Lunga Lunga apewe kiti kizuri alale. Hapo ndipo nilipoikuta hina ya kumpaka Ummulkheir mikono.

Alasiri ilipoadhiniwa nilikuwa nimemaliza. Nikawadondoshea maji ya ndimu na sukari ili rangi ikolee. Wakaitwa chumba cha pili kuonyeshwa viatu. Ikram alibaki nyuma kidogo.

"Jumwa, Mungu akulipe. Sijui ningefanya nini bila wewe."

Midomo yake ilikuwa haijafunga, kuna jambo lilikuwa linakuja. Mama yake akaita, "Ikram! Viatu!" Akaenda.

Niliosha bakuli, nikakunja mkeka. Koni moja ilikuwa na hina kidogo. Nikakaa kwenye zile ngazi za nyuma, nikajipaka mkono wa kushoto lile jani alilonifundisha bibi, la kwanza kabisa. Lilitoka zuri. Nikahamisha koni mkono wa kushoto nijaribu wa kulia. Mstari ukaenda kombo, wa pili ukatetemeka. Nikaufuta kwa pindo la leso.

Nyumbani, shangazi yangu aliniona nikiingia na mkono juu.

"Umepakwa leo! Na nani?"

"Na fundi mmoja," nikasema.

Siku ya harusi marafiki tuliwekewa viti vitatu mbele, vimefungwa utepe wa rangi ya sare yetu. Nikakaa cha katikati. Ikram aliingizwa, Asiya kuliani, Ummulkheir kushotoni, vigelegele vikapaa, na walipopanda jukwaani wapambe wakapewa viti kule kule juu. Kiti changu cha kulia kikabaki kitupu, na cha kushoto kitupu. Hapana aliyekuja kuvikaa, maana vilikuwa vya wenyewe.

Mama mmoja aliinama kutoka nyuma. "Binti, wewe ndiye uliyempaka bibi harusi? Nipe nambari, wangu aolewa mfungo mosi, Ramadhani ikiisha."

"Leo mimi ni mualikwa, mama. Kesho uliza kwa kina Ikram, watakupa."

"Haya, mualikwa." Akarudi kitini kwake.

Kule juu Asiya alimnong'oneza Ummulkheir kitu nyuma ya shela, wakabana vicheko. Nilifurahi kuwaona. Kisha Ikram akainua macho, akatafuta ukumbini, akanipata. Akanyanyua mkono wake kidogo, kiganja cha hina kikaonekana.

Nami nikanyanyua wangu, wa kushoto. Hina ya mkono wangu huo ilikuwa imeiva hadi nyeusi, kuliko hata ya bibi harusi, kwa kuwa niliiacha ikauke kwa wakati wake. Akaiona. Uso wake ukafunguka, ukatulia kama wa mtu aliyeondokewa na deni.

Wa kulia niliuacha mapajani, chini ya mtandio.